Picha Iliyopiga Chafya

Jumapili ile redio ilipotangaza kwamba jeshi limepindua serikali, baba alitoka nje ya duka letu pale Mwingi akacheza ngoma katikati ya barabara, peke yake, kofia mkononi. Kucheza hakujua, lakini kila mtu alimwona. Huo ndio uliokuwa ubaya wake.

Wenye maduka wenzetu walikimbilia kushusha picha za rais, ambazo kila duka lilipaswa kuwa nazo, na wengine wakazivunja kabisa. Kisha wakamjia mama: shusha na wewe, wanajeshi wasije wakatuchomea soko. Mama akakataa katakata.

"Sishushi! Hao wanajeshi wataniletea simiti?"

Watu walidhani ni siasa. Haikuwa siasa. Nyuma ya picha kulikuwa na tundu kubwa lililotokea stoo, lililoachwa na rafu iliyong'oka, na panya walilitumia kuja kula sukari yetu. Mama hakuwa tayari kulisha panya kwa ajili ya mapinduzi ya mtu yeyote.

Kufikia jioni mapinduzi yalikuwa yamezimwa. Baadaye askari wakaanza kupita duka kwa duka, wakiwasomba walioshangilia na walioshusha picha. Ukuta mtupu ulitosha kukupeleka ndani, na waliopelekwa walirudi wakichechemea, au hawakurudi. Walipofika kwetu, baba alikuwa amejificha stoo, amelala juu ya magunia ya unga.

"Mama, mzee yuko wapi?" afande akauliza.

"Ameenda Garissa kununua mbuzi."

Afande akaiona picha. Akafurahi, akakakamaa, akaipigia saluti. Picha ikapiga chafya.

Askari wakatazamana. Afande akainua mkono kuelekea fremu, na mama, bila hata kuacha kupima sukari, akamwambia: "Shusha tu, afande. Lakini mimi nitasema ni nani ameshusha."

Mkono ulibaki hewani. Nani angeandika ripoti kwamba rais amepiga chafya? Afande akaugeuza ule mkono kuwa saluti ya pili, akatoka haraka, wenzake nyuma.

Mama akaketi juu ya gunia akalia kwa kwikwi. Sikuwa nimewahi kumwona akilia vile. Kisha akafuta machozi kwa leso, akaigeukia picha.

"Toka huko! Na ukicheza tena barabarani, nitaishusha mimi mwenyewe."