Wanataka nisimame mahakamani na magongo yangu dhidi ya rafiki yangu

Admin, naomba jina langu lisionekane popote, maana huku Singida tunajuana na kesi yenyewe bado inaendelea. Mimi ni mwanamke wa miaka 29, mwalimu wa sekondari, sijaolewa. Mguu wangu wa kulia haujawahi kufanya kazi tangu utotoni, natembelea magongo.

Chuoni nilikaa chumba kimoja na msichana nitakayemwita Zuhura. Yeye haoni kabisa. Mimi nilimsomea notisi, yeye alibeba ndoo ya maji huku namwelekeza, "kushoto kidogo, hapo kuna tope", tunafika chumbani tumelowa tunacheka. Tulipomaliza tulirudi nyumbani, yeye kwao Mungaa, mimi Ilongero kwa mama anayelima alizeti. Tukasota mtaani kwa muda mrefu bila ajira.

Ndipo taasisi moja inayomiliki shule hapa mkoani ikatangaza nafasi za walimu. Nafasi moja ilitengwa kwa mwenye ulemavu, kwa sababu sheria inawataka waajiri watufikirie. Tuliomba wote wawili na tukaenda kwenye usaili pamoja. Mimi nilitangulia kuingia, kisha nikakaa nje kwenye benchi, chini ya dirisha, nikimsubiri. Zuhura alipotoka alienda kutafuta maji ya kunywa. Nikamsikia mmoja wa wasaili akisema, "Huyu amejibu vizuri kuliko wote. Lakini haoni bwana, watoto watamchezea. Tumchukue yule wa magongo, si naye ni mlemavu? Nafasi itakuwa imejazwa." Wengine wakacheka, wakakubali.

Nilimwambia Zuhura palepale, sikuweza kumficha. Akasema, "Basi angalau ni wewe." Majina yalipotoka lilikuwa langu. Mama alilia. Huyu ndiye mama aliyenibeba mgongoni kwenda darasa la kwanza huku majirani wakimuuliza anajisumbua na nini. Sasa mimi ndiye ninayewasomesha wadogo zangu.

Baadaye Zuhura alikuja kwangu na bodaboda. Akaniambia amepata wakili na amefungua kesi. "Sitaki kazi yako," alisema. "Nataka waseme mbele ya watu kwa nini mimi hawakunitaka." Nikamuuliza, ukishinda itakuwaje? Hakunidanganya. Wakili amemwambia huenda usaili wa nafasi ile ukafutwa na kurudiwa, na shahidi pekee ni mimi niliyesikia. Akanishika mkono. "Sikulazimishi. Ila ukikataa, niambie wewe mwenyewe, usimtume mtu."

Nilimwomba anipe muda. Nilipomweleza mama, aliniambia kwa Kinyaturu kwamba nisithubutu. "Huyo mwenzako ana haki, nakubali. Lakini wewe ukifukuzwa, nani atakuajiri tena na mguu huo?" Iliniuma kwa sababu ni mama aliyesema, na kwa sababu ni kweli.

Nikafikiri nitakaa pembeni tu, nisiwe upande wowote. Lakini juzi mwalimu mkuu akaniita ofisini, na wakili wa taasisi alikuwepo. Wakasema wanataka niwe shahidi wao, nionekane kama ushahidi kwamba wanaajiri watu wenye ulemavu. Nikasema sina la kueleza. Wakili akatabasamu: "Wala huhitaji kuongea sana, Mwalimu. Utasimama tu, hakimu akuone na magongo yako." Nilisikia aibu ambayo sijawahi kuisikia hata nilipokuwa nachekwa mtaani. Nilipotoka, mwalimu mkuu alinifuata mlangoni akasema taratibu, "Kumbuka hujathibitishwa kazini."

Nikisimama upande wao, wakili wa Zuhura ataniuliza nilisikia nini pale dirishani. Nikikana, nitakuwa nimeapa uongo mbele ya mtu anayeijua sauti yangu kuliko mtu yeyote. Nikisema kweli, naamka kesho sina kazi na wadogo zangu wanarudi nyumbani. Nikikataa kwenda, hawatanithibitisha.

Jana Zuhura alinipigia. "Nimesikia utakuja upande wao. Ni kweli?" Nilijifanya simsikii. Nikasema "haloo, haloo, mtandao mbovu", nikakata. Nilikuwa nimesimama nje ya ofisi ya walimu, mtandao umejaa. Amepiga tena mara kadhaa leo na sijapokea.

Ndugu zangu, msinitukane, nimeshajitukana vya kutosha. Walimu mliomo humu, wanasheria, na hasa ninyi wenye ulemavu mliopata kazi kwa nafasi kama hii: nikimpigia Zuhura sasa hivi, nimwambie nini?