Mmoja Aliyebaki Ndani ya Mashine

Wanaodhani kazi ya kompyuta ni kukaa kwenye kiti na kupigwa na feni hawakumwona Shakila siku ile. Feni ilikuwepo, na jasho lilimtoka mpaka mgongoni.

Shakila, mzaliwa wa Newala, ndiye anayetunza seva za hospitali yetu hapa Masasi. Tuna seva tatu za mlangoni. Kila ombi kutoka vituo vyetu hupokewa na mojawapo, ndipo lipelekwe linakotakiwa. Moja ilikuwa ikichemka, na ilibidi itoke kabla haijazima yenyewe.

Kuitoa ni kama kufunga kilula, bomba la maji la mtaani, huko kwao Newala ambako maji yana heshima yake. Wanaokuja unawaelekeza bomba lingine. Ambaye ndoo yake imeshakingwa, unaacha ijae. Shakila aliandika amri, maombi mapya yakahamia seva nyingine, na watumiaji waliokuwa ndani wakatoka mmoja mmoja. Akabaki mmoja.

Huyo hakutoka, na mashine ikazidi moto. Mkuu wetu, Zabroni, akasema pengine ni kompyuta iliyosahauliwa wazi, akate tu. Shakila akaona kwenye skrini kwamba anatokea kituo cha Newala, akampigia Grace, muuguzi wa huko, bila hata salamu, akauliza nani yuko mtandaoni.

"Daktari wa Mtwara anatuelekeza kwa video," Grace akasema. "Mama Kurwa yuko mezani, tumbo liko wazi. Ikikatika, mtandao wetu haurudi upesi. Usitukatie, dada."

Tuliogopa, sisemi uongo. Zabroni alichana boksi, akaanza kuipepea mashine kama jiko la mkaa.

Mara namba ya waliobaki ndani, pale kwenye skrini, ikashuka kutoka moja, ikawa sifuri. Hakuna aliyefurahi. Mtu akimaliza ni sifuri, na mtandao ukikatika ni sifuri vilevile. Simu ya Grace iliita mpaka ikakata. Sasa mashine ilikuwa tupu, ruksa kuitoa, lakini hakuna aliyeigusa. Zabroni aliendelea kupepea.

Simu ilipoita, Shakila aliniambia nipokee mimi. Grace akasema wameshashona, Mama Kurwa anapumua vizuri, daktari ameaga mwenyewe. Nikawaambia.

Shakila akashika waya wa mashine auchomoe, akauachia.

"Chomoa wewe," akamwambia Zabroni, akakaa sakafuni akilia.