Magwampu wa Noonkopir

Watu wa Noonkopir, mji mdogo wa Kenya katika nchi ya Wamasai, walikuwa na kasoro moja: walimuuliza mtu yeye ni wa nani kabla hawajamuuliza jina. Wa chama gani? Wa kanisa gani? Wa kabila gani, wa ploti za huku au za ng'ambo ya lami? Ukikosa jibu, unatafutiwa. Muteti Kiema alitafutiwa lake mwaka wa 1992, na likamganda mpaka akina mama wa sokoni wakasahau jina alilopewa na wazazi wake.

Alikuwa Mkamba wa Kathiani, na kazi yake ilikuwa kuendesha mtambo wa kisima. Asubuhi alizungusha hendeli, injini ya dizeli ikakohoa na kutoa moshi mweusi, kisha maji yakapanda, yenye chumvi kidogo lakini ndiyo hayo hayo. Bomba moja lilipeleka maji kwenye birika la ng'ombe wa Wamasai. Bomba la pili lilikwenda kwa akina mama wenye mitungi, wengi wao Wakamba ambao waume zao walifanya kazi viwandani na kwenye machimbo ya mawe. Katikati kulikuwa na koki moja, na koki hiyo ilikuwa chini ya Muteti. Alifungulia hawa, kisha akafungulia wale. Hakumruka mtu.

Mwaka huo wa uchaguzi kila mtu alisalimia kwa kidole. Chama tawala ni kidole kimoja, wapinzani ni vidole viwili, na ole wako ukikosea mtaa. Muteti alipoonyeshwa kidole aliinua mkono wote, kama mtu anayesimamisha gari. Vijana wa kidole kimoja wakamshukia hapo kisimani na kumchapa kwa mpira wa maji mpaka shati likashikana na mgongo. Hakuinua kidole. Wiki haikuisha, vijana wa vidole viwili nao wakaja, na hao wakamng'oa jino la mbele. Muteti alitema damu, akasukutua, akarudi kwenye injini yake. Mtu mkaidi namna hiyo utamfanya nini?

Mwalimu Kiragu ndiye aliyempa jina. Kiragu alifundisha Kiingereza shule ya msingi, na alipenda maneno makubwa jinsi watu wengine wanavyopenda mbavu za mbuzi. Siku moja pale buchani, penye meza za nyama choma, alimwona Muteti akiingia na mdomo uliovimba, akapiga meza.

"Sasa huyu ndiye mugwump!"

"Ni nini hiyo, mwalimu? Matusi?"

"Ni neno la Marekani. Mtu anayekataa kufungwa na upande wowote. Huko zamani kuna watu walimkataa mgombea wa chama chao wenyewe kwenye uchaguzi, wenzao wakawaita hivyo kuwachekelea. Lakini hawakulitunga wao. Walilichukua kwa wenyeji wa ile nchi, na kwa wale wenyeji lilimaanisha mkubwa wa vita."

"Mkubwa wa vita! Na huyu amepigwa na watoto!"

Buchani kukawa ni kicheko tu. Muteti mwenyewe alicheka, akishika taya.

Neno likatoka buchani likaenda sokoni, na huko likawa magwampu. Mbuzi aliyelala boma hili na kunyonyesha boma lile aliitwa magwampu. Refa wa mpira aliyekataa kupuliza kipenga aliitwa magwampu. Mwanamume aliyekuwa na wake wawili wasiopatana, akala kwa wote na asimtetee hata mmoja, huyo alikuwa magwampu mkuu. Mwanzoni lilikuwa neno la utani. Kila uchaguzi ulivyopita lilizidi kuchacha, na kufikia mwisho wa miaka ya tisini, ukimwita mtu magwampu mbele ya wenzake, umemwita msaliti.

Kwa Muteti jambo lenyewe lilikuwa limegeuka pia. Mkewe alifariki mapema, akamwachia binti mmoja, Kathini. Aliyemlea Kathini ni Muthoki, mke wa Mulinge, mdogo wake Muteti, aliyenunua kipande cha shamba karibu na kisima. Kathini alipokua akaolewa na Felix, mtoto wa mzee Sironka, Mmasai mwenye boma upande wa pili wa korongo. Siku ya sherehe Muteti alimpa Sironka kondoo dume, na tangu hapo mzee yule hakumwita kwa jina. Alimwita Paker, kwa sababu Wamasai wakipeana kondoo ndivyo wanavyoitana mpaka kufa. Kwa hiyo kukataa upande hakukuwa tabia tena. Moto ukiwaka, ungechoma ama nyumba ya ndugu yake, ama nyumba ya binti yake. Alikuwa hana la tatu.

Moto uliwaka mwaka wa 2000, mwaka wa ule ukame. Ng'ombe walikufa wamesimama. Wanaume wengi wa Sironka walikuwa wamehamisha mifugo mpaka Oltepesi, na ng'ombe wachache waliobaki walitangatanga wakila hata maboksi. Asubuhi moja waliingia kwenye kibustani ambacho Mulinge alikuwa amekinywesha kwa ndoo tangu Januari. Walimaliza sukuma wiki yote, mizizi na majani. Mulinge alikuwa na upinde wa baba yao na mshale wenye sumu, na hakujiuliza mara mbili. Fahali mmoja alitembea hatua chache, akapiga magoti, akafa ulimi nje.

Jioni hiyo mlinzi mmoja Mkamba alipatikana kando ya barabara, kichwa kimepondwa kwa rungu. Kesho yake mchungaji wa Kimasai alipatikana korongoni na mshale shingoni. Baada ya hapo nyumba za mabati zikachomwa, vibanda vikachomwa, watu wakaanza kulala kanisani na mapanga chini ya viti.

Mulinge akaja kisimani na kundi la wanaume. Macho yake yalikuwa mekundu.

"Funga hiyo maji yao. Wacha ng'ombe zikufe zote tuone kama watakuwa na nguvu ya kupigana."

"Siwezi, Mulinge."

"Huwezi ama hutaki? Wewe ni wetu ama ni wao?"

"Niko na mtoto kule. Unajua."

"Kathini alijipeleka kwa hao watu. Hakuna mtu alimtuma."

"Na wewe niko na wewe huku. Nikifunga kwao leo, kesho wanakuja kufunga kwenu kwa mkuki. Siwezi."

Mulinge alimtemea mate miguuni. Wanaume wakaondoka wakilitaja lile neno, na safari hii hakuna aliyecheka.

Asubuhi iliyofuata ilikuwa zamu ya morani. Walikuja mbio kutoka upande wa korongo, simi za makali kuwili mikononi, na pale bombani kulikuwa na akina mama na mitungi yao. Wanawake walitupa mitungi wakakimbilia nyuma ya nyumba ya injini. Muteti alisimama mbele ya mlango. Rungu la kwanza lilimpata begani, la pili likampasua juu ya jicho, akaanguka kando ya birika. Mahali hapo maji yalivuja kila siku, na ndipo palipokuwa na nyasi mbichi pekee katika Noonkopir nzima. Muteti alikuwa ameishi na Wamasai miaka ya kutosha kujua mila yao. Aling'oa nyasi kwa mkono wa kulia, akaziinua juu.

Kijana aliyekuwa ameinua simi alisimama papo hapo. Kwa Wamasai nyasi ni uhai wa ng'ombe, na ng'ombe ndiye uhai wa mtu, kwa hiyo anayeshika nyasi ameomba amani na hapigwi. Kijana alikuwa anahema, mishipa ya shingo imemtoka, na ilionekana wazi alitamani kumalizia. Hakuweza. Alisonya, akawapigia wenzake kelele kwa Kimaa, wakageuka. Nyuma ya nyumba ya injini akina mama walikuwa wanalia. Muteti alikaa chini, nyasi bado mkononi, na alikuwa na furaha ya kijinga moyoni. Alidhani amepata dawa.

Mchana habari zikamfikia kwamba wanaume wa Mulinge wanakwenda kuchoma boma la Sironka. Walikuwa wamejua kwamba wenye nguvu wako Oltepesi, na waliobaki ni mzee, wanawake na watoto, pamoja na Felix peke yake. Kathini alikuwa humo na mtoto mchanga mgongoni. Muteti aliiacha injini ikinguruma, jambo ambalo hakuwahi kulifanya, akakimbia na jicho moja lililofunga kwa damu. Aliwafikia mahali njia inapoteremka korongoni, akawapita, akageuka akawazuia.

"Rudini nyumbani," akasema. "Huko ni watoto tu."

"Toka njiani, Muteti," akasema Mulinge.

"Mulinge, ndugu yangu, mtoto uliyemlea ako huko."

"Toka!"

Mtu mmoja alimpiga kwa ubapa wa panga. Mwingine akampiga jiwe la kifua, na pumzi ikamtoka. Akaanguka kifudifudi kwenye vumbi, mateke yakaanza kumshukia mbavuni, na katika ule woga, pale akili ya mtu inapokwenda zake na kuuachia mwili ujitetee, mkono wake ulifanya kile kilichomwokoa asubuhi. Ulikamata kishungi cha nyasi kavu, ukakiinua juu.

Kosa gani hilo! Hawa hawakuwa Wamasai. Hawa walikuwa watu wa kwao, na kwa watu wa kwao nyasi ile ilisema jambo moja tu.

"Mnaona?" mtu akapiga kelele. "Amekuwa Mmasai kabisa! Anatuombea dua zao!"

Hata waliokuwa na huruma ikawatoka. Mulinge ndiye aliyeshusha panga. Labda alilenga zile nyasi, labda alilenga mkono, hilo analijua Mungu. Mkono wa kulia wa Muteti ulikatika juu kidogo ya kifundo cha mkono, ukaanguka na vidole vikiwa bado vimefumba. Hakusikia uchungu mara hiyo. Aliuona umelala pale, akashangaa ni wa nani.

Wengine walimruka, wakateremka korongoni kwa makelele. Mulinge alibaki. Uso wake ulikuwa wa mtu asiyejua amefanya nini, na labda kwa sababu hiyo hiyo, ili asijue, akainua panga tena. Halafu akakohoa. Ncha ya mkuki ilikuwa imetokea chini ya kifua chake. Alipiga magoti, akamlalia kaka yake miguuni, damu yake ya moto ikamlowesha suruali. Nyuma yake, kando ya kichuguu, Felix alikuwa amesimama mikono mitupu. Yeye na Muteti walitazamana. Kisha kijana akachomoa mkuki wake na kukimbilia kule kwenye boma.

Boma halikuchomwa. Kelele za njiani ziliwapa wanawake nafasi ya kutoroka, na lori la polisi likafika likipiga risasi hewani. Kathini akapona, na mtoto akapona.

Hospitalini, Muteti akiwa na kigutu kilichofungwa bandeji, Kathini alikuja akakaa kwenye ukingo wa kitanda. Alilia kwanza kwa ajili ya mkono. Kisha akalia kwa ajili ya Mulinge, aliyembeba mabegani alipokuwa mdogo. Alipomaliza akauliza, huku akiangalia sakafu:

"Baba, polisi wanasema wewe ndiye ulikuwa hapo. Uliona?"

Muteti aligeuzia uso ukutani.

"Felix hajakula tangu siku hiyo," akasema Kathini.

Afisa wa polisi alikuja baadaye, akavuta stuli. Nani alimkata mkono? Nani alirusha mkuki? Muteti alitazama dari. Maisha yake yote alikuwa amefungulia hawa kisha wale. Sasa alijitafuta ndani, akatafuta lile jambo lililomfanya avumilie mpira wa maji na jino kung'olewa, akakuta halipo. Kulikuwa na Kathini tu.

"Nilikuwa chini," akasema. "Damu ilikuwa imeniingia kwa macho. Sikuona mtu."

Felix na Kathini wakahamia Entarara, wakalime mahali wasipojulikana. Noonkopir ikatulia, wazee wa pande zote wakachinja kwa upatanisho, na habari za Muteti zikawa mfano. Amekatwa mkono na hakumtaja aliyemkata. Ameuliwa ndugu na hakumtaja aliyemuua. Hakusema wa huyu wala wa yule! Mwalimu Kiragu alimletea soda na biskuti, akamwambia sasa ndiyo ameelewa lile neno, kwamba hakuna mugwump kama yeye kutoka hapa mpaka Marekani. Watu wakaja kumpa mkono wa kushoto kwa heshima. Walikuwa hawajui kitu. Siku ile ile waliyokuwa wakiisifu, aliposema hakuona mtu, ndiyo siku pekee aliyowahi kuchukua upande.

Aliporudi nyumbani hakuwa na wa kumpikia isipokuwa Muthoki. Kila jioni mjane yule alivuka na sufuria, nguo nyeusi bado mwilini, kwa sababu mkono wa kushoto wa Muteti ulikuwa haujajifunza kazi na alimwaga kila kitu. Jioni moja akaweka sahani mapajani pake.

"Baba Kathini," akasema, "wewe ndiye ulikuwa karibu naye. Wengine wananiambia mambo mengi. Mimi nitaamini wewe. Ulimwona mtu alimuua?"

"Sikumwona, Muthoki."

Muthoki alimtazama usoni. Kisha akaitikia kwa kichwa kwamba ameridhika, akafuta machozi kwa leso, akamega tonge na kulichovya kwenye mboga.

"Fungua mdomo," akamwambia.

Muteti akafungua, na Muthoki akamlisha mpaka sahani ikaisha.