Laki Moja ya Maua ya Dwarka

"Dwarka, hivi huyo Mungu wako ana mizani?"

Shevanta aliuliza hivyo juu ya ukuta, ufagio mkononi, nasi wanawake wa uchochoro wa hekaluni, tuliokuwa kisimani, tukacheka mpaka maji yakatumwagikia. Jirani yake, Dwarka, alikuwa amekaa barazani akipima maua madogo meupe ya parijata kwa mizani ndogo ya shaba, ile ambayo mumewe Sadashiv aliuzia iliki na karafuu sokoni miaka yote.

"Asipokuwa nayo," Dwarka akajibu bila kuinua macho, "ulimi wako ataupima na nini?"

Mwaka mmoja kabla, Sadashiv, ambaye ndiye hutuongoza kuimba hekaluni, alipotewa na sauti. Dwarka akaweka nadhiri kwa Vithoba, Mungu wa hekalu letu: sauti ikirudi, atamtolea maua laki moja ya parijata katika miezi minne ya mvua, na yatimie kabla ya siku ya mfungo wa mwezi wa Kartik, mwisho wa mvua. Sauti ikarudi. Ikarudi na nyongeza, mzee akawa anaimba hata akisugua meno, na sisi majirani tukamwambia Dwarka wazi kwamba angeomba nusu tu.

Ua hili ndilo pekee tunalomtolea Mungu likiwa limeshaanguka chini. Mti hauchumwi, hautikiswi. Basi Dwarka kila jioni aliupaka uwanja wake samadi ya ng'ombe, kama desturi yetu, ili pawe safi, na alfajiri akainama kuokota, magoti yakimlilia kama bawaba. Siku ya kwanza, siku ya jua, alihesabu elfu moja, ua kwa ua, akayapima. Tangu hapo akaenda kwa uzito.

Huyu mama ameshona blauzi za nusu ya mji, amelea watoto watatu, amewauguza wakwe zake mpaka pumzi ya mwisho, na sijapata kumsikia akimwomba mtu kitu. Chumvi ikimwishia, dengu zinaliwa hivyo hivyo. Sadashiv anajua.

Na mti wake umeegemea ukuta. Nusu ya maua yanaangukia kwa Shevanta, naye kila asubuhi anayafagilia mtaroni huku akiusema mti. Hatukushangaa. Hata Krishna alimpandia mke mmoja mti huu, maua yakawa yanadondokea uani kwa mke mwenzie.

Zikiwa zimebaki siku ishirini, Dwarka alikuwa ametulia kabisa. Kwa mizani yake yalibaki maua elfu nane. Asubuhi moja ya manyunyu Sadashiv akajikwaa, akamwaga sinia lililokwisha kupimwa kuwa elfu moja. Wakayaokota wakihesabu. Mia nane na hamsini.

"Yamelowa," Sadashiv akasema, akikamua ua moja kati ya vidole. "Mama watoto, miezi yote hii umempimia Mungu maji!"

Na mvua ilikuwa imenyesha karibu kila siku. Walipiga hesabu upya wakapata kwamba yamebaki elfu ishirini na mbili, na mti ulikuwa umeanza kuchoka: upande wake ulimpa mia sita na hamsini kwa siku. Haitoshi hata ukivuta.

"Basi nitaimba robo tatu ya wimbo, halafu ninyamaze," Sadashiv akamtania.

Dwarka hakucheka. Kumdai Mungu akakupa, halafu wewe ukampunja! Chai ilimshinda siku hiyo. Kesho yake alipanda kilimani kutafuta miti ya mwituni, akarudi na maua arobaini na ruba wawili mguuni.

Nikamwambia, "Dada, maua yapo. Yako ng'ambo ya ukuta."

"Nimwombe Shevanta? Huyu anayenicheka?"

"Huyo huyo."

"Bora nirudi kwa ruba."

Nikamwacha. Nilimwambia tu kwamba sauti ya mumewe aliiomba kwa Mungu bila kuona aibu, basi asione aibu kumwombea Mungu maua.

Laki ile ilitimia, nawaambia mapema msije mkahangaika, na siku moja ikabaki. Shevanta mwenyewe aliokota, akihesabu kwa sauti na kumsahihisha Dwarka kila alipokosea. Lakini kwanza ilibidi mtu afungue kinywa. Siku ya tatu baada ya sinia kumwagika, Dwarka alijifunga sari yake ya hekaluni, kama anakwenda kwa mkubwa, akazunguka ukuta, akasimama mlangoni kwa Shevanta. Nilikuwa kisimani, nilimsikia.

"Shevanta, dada yangu, kesho usifagie. Naomba niingie kwako niokote."