Waya ya Redio na Mkono wa Nyaboke

Nilipokuwa mtoto nilikuwa na kazi moja tu niliyoipenda, nayo ilikuwa kushika waya ya redio. Kuchuma majani chai sikupenda, kuchota maji sikupenda, kukatia ng'ombe nyasi ndiyo kabisa. Lakini Jumapili alasiri, timu yetu ya Kisii ikiingia uwanjani, hakuna aliyehitaji kunituma. Nilipanda stuli karibu na dirisha, nikaishika ile waya ya shaba iliyotoka nyuma ya redio ya Tata, nikaiinua juu mpaka mkono ukafa ganzi.

Tata ni baba yangu; ndivyo tunavyomwita baba kwa Kigusii. Nyumba yetu iko chini ya kilima, mwendo wa nusu saa kwa miguu kutoka soko la Kebirigo, na redio ilikuwa haishiki vizuri pale bondeni. Bila mtu wa kuinua waya, mtangazaji alikuwa anakoroma tu. Mkono wangu ukifika mahali pake, sauti inafunguka, na Tata anapiga kelele, "Hapo hapo, Kemunto! Usipumue!" Nami kweli sikupumua. Tulikuwa watoto watatu, na kazi hiyo alinipa mimi.

Mechi za Jumamosi hazikutuhusu. Sisi ni Wasabato, na siku hiyo redio ilifunikwa kitambaa ikapumzika kama sisi. Timu ikicheza Sabato, tulisubiri jua lizame ndipo tujue matokeo, huku Tata akijifanya hana haraka. Kwa hivyo mechi ya Jumapili ilikuwa mali, na mimi ndiye niliyeishikilia.

Kisha Nyaboke akaja.

Alikuwa binti wa baba mdogo wangu wa Kenyenya, ndugu yake Tata, aliyefariki mwaka huo. Mama yake alienda Nairobi kutafuta kazi, naye akaletwa kwetu na begi la shule na blanketi mpya. Alinizidi mwaka mmoja. Alikuwa mweupe, mpole, na akipewa chakula alishukuru mpaka unaona aibu. Alimwita baba yangu Tata. Ni desturi, ndugu wa baba ni baba, nalijua hilo. Lakini siku ya kwanza nilipomsikia akisema "Tata", roho iliniuma, na sikuweza kumwambia mtu.

Jumapili ya kwanza alikaa pembeni, mikono mapajani. Tata alimtazama kwa muda, halafu akanigeukia.

"Kemunto, shuka kidogo. Mpe mwenzako ajaribu."

Nilishuka nikicheka moyoni, maana nilijua waya ile ilivyo na maringo. Nyaboke akapanda stuli, akaishika kwa vidole viwili tu kama mtu anayeshika kifaranga. Haki ya Mungu, redio ile haikukwaruza hata mara moja hadi filimbi ya mwisho. Na timu yetu, iliyokuwa imefungwa wiki baada ya wiki mpaka watu wakaacha kuitaja sokoni, ikashinda.

Tata alijipiga paja. "Huyu mtoto ana mkono mwema!"

Kwetu hilo si neno la mzaha. Mwenye mkono mwema huitwa msimu wa kupanda, atie mbegu ya kwanza shambani, na huitwa ng'ombe akikataa kushusha maziwa. Magokoro, yaani nyanya yangu, mama yake Tata, aliyaamini hayo sawa na alivyoiamini Biblia yake. Aliushika mkono wa Nyaboke, akaugeuza, akaukagua, akasema, "Eee. Ni wa babake." Basi, kesi ikaisha. Kuanzia siku hiyo Nyaboke alikuwa wa waya, na mimi nikawa wa kuleta chai.

Nilinuna, na nilijua kununa. Nilimletea Tata chai baridi. Nilimficha Nyaboke kiatu kimoja asubuhi ya shule. Nilifika mahali pa kuiombea timu yangu mwenyewe ifungwe, tena nimepiga magoti, baada ya kuwaombea wagonjwa na wasafiri. Timu haikufungwa. Ilishinda, ikatoka sare, ikashinda tena, na kila bao likiingia Tata alikuwa anamnyooshea kidole yule msichana juu ya stuli yangu na kusema, "Mmeona? Mmeona?" Mimi nilikuwa nasimama mlangoni na birika, namtazama. Nilimtazama mgongo, nilimtazama shingo, nilimtazama ule mkono.

Magokoro ndiye aliyeliona. Siku moja tulikuwa jikoni kwake, namenya ndizi, na Nyaboke yuko nje anasukwa nywele na mama yangu, wanacheka.

"Kemunto."

"Ee, Magokoro."

"Punguza hayo macho. Utamwangalia mwenzako mpaka vitu vimwingie."

Nilijua anachosema. Kwetu kuna watu wenye jicho. Hawalogi, hawafanyi lolote, wanatazama tu, na mtoto anayetazamwa, hasa akiwa mweupe, takataka ndogo ndogo humrukia mwilini, makapi ya wimbi, nywele, nyuzi, zikazama kwenye ngozi, na zisipotolewa anaugua. Kulikuwa na mama mmoja ng'ambo ya mto aliyesemwa hivyo. Akitokea njiani, kina mama waliwafunika watoto wao kwa leso. Hata kanisani hakuna aliyempa mtoto wake ampakate, na alikuwa akikaa peke yake kwenye benchi la nyuma akiimba kwa sauti nzuri sana. Nilikuwa namwogopa mama yule. Sasa nikaanza kuogopa kwamba nitakuwa yeye.

Ungedhani niliacha kumtazama Nyaboke. Wapi! Wivu hauachi kwa kuambiwa uache. Nilikuwa nainamisha macho, na yanapanda yenyewe.

Ikaja wiki ya mechi ya mwisho ya msimu. Timu yetu ilikuwa icheze na timu moja ya Nairobi, na isiposhinda inashuka daraja. Kebirigo nzima ilikuwa haizungumzi kingine, hata pale kituo cha kupimia majani chai watu walikuwa wanabishana na vikapu mgongoni. Alhamisi asubuhi Nyaboke akaamka mwili moto, mgongo mwekundu, anajikuna huku analia. Mama akampeleka zahanati. Dawa waliyopewa ilishusha homa kidogo, lakini mwasho ukabaki pale pale.

Jioni Magokoro akasema, "Nileteeni siagi."

Alimlaza Nyaboke kifudifudi mkekani, akampaka siagi ya ng'ombe mgongoni, akaanza kumkanda polepole. Kila mara mkono wake ulisimama, akachomoa kitu kwa kucha, akakiweka juu ya jani la mgomba. Nilichungulia. Nikaona makapi ya wimbi. Nikaona uzi wa kijani. Sweta yangu ya shule ilikuwa ya kijani. Ya Nyaboke pia ilikuwa ya kijani, shule yetu ilikuwa moja, lakini mtoto mwenye hatia hafikirii hivyo.

"Nani amemwangalia huyu mtoto?" Magokoro aliuliza. Hakumtazama yeyote. Alikuwa anaendelea kukanda.

Nilitoka nje nikajificha kwenye majani chai, nikakaa huko mpaka mama akaniita kula. Sikula.

Jumapili, Nyaboke alikuwa bado amelala jikoni kwa Magokoro. Saa ya mechi ilipofika Tata aliwasha redio, akakaa, kisha akasema bila kugeuka, "Haya, Kemunto. Panda."

Nilikuwa nimelingoja neno hilo kwa miezi. Nikapanda stuli, nikaishika waya. Furaha yangu ilikaa dakika mbili, labda tatu. Redio ilikuwa inaongea vizuri ajabu. Mtangazaji alisikika mpaka anavyovuta pumzi, na uwanja wa Kisii ulikuwa unanguruma nyuma yake. Mimi nilikuwa nawaza ule uzi wa kijani tu. Nilikuwa nimempa mtoto wa watu ugonjwa ili nisimame pale, na nilikuwa nimesimama. Mara mtangazaji akasema Nairobi wamepata kona, Tata akafumba macho, na mimi nikaona siwezi tena. Nitaiacha hii waya, nikimbie jikoni, niseme ni mimi.

Nikafungua vidole. Waya ikaanguka, ikaning'inia ukutani.

Redio ikaendelea kuongea.

Niliitazama ile waya, nikaitazama redio. Ndipo nikaona kwamba nyuma yake zilitoka waya mbili. Moja ilikuwa yangu ya shaba. Nyingine ilikuwa nyeusi, nyembamba, imepita nyuma ya pazia, ikatoka chini ya dirisha, ikapanda juu ya banda la ng'ombe hadi kileleni mwa mparachichi. Niligeuka. Tata alikuwa amefumbua macho na ananitazama.

Akafanya jambo ambalo sikuwahi kumwona akilifanya wakati wa mechi. Alinyoosha mkono, akapunguza sauti ya redio kabisa.

"Umejua," akasema.

"Uliifunga lini, Tata?"

"Wiki ile tuliyotoka kuzika."

"Kwa hivyo mkono mwema..."

"Kemunto. Unajua watu husema, mgeni siku mbili, ya tatu mpe jembe. Sasa, mtoto ametoka kumzika baba yake juzi, mimi nimpe jembe? Na akikaa bure kwangu atajiona mzigo. Ulimwona alivyokuwa anakaa, anaogopa hata kiti. Nikampa waya."

"Yangu!"

"Yako. Wewe ni wangu, uwe na kazi usiwe na kazi. Yeye alikuwa hajui kama ni wangu."

Alidhani amenifariji. Mimi nililia kwa hasira, nikamwambia angeniambia, angeniambia tu. Akasema, "Ndiyo nakuambia sasa. Na usimwambie." Nyuma yake, kwenye ile sauti iliyopunguzwa, tulisikia kama watu wanapiga kelele mbali sana. Alipoongeza sauti, bao lilikuwa limeshaingia. Lilikuwa letu, la pekee katika mechi ile, na ndilo lililotubakiza ligi kuu. Tata hakulisikia likifungwa. Mpaka leo wenzake wakilisimulia bao hilo yeye hunyamaza, na mimi najua ni kwa nini.

Nilienda jikoni. Nyaboke alikuwa macho, lakini nilimnong'oneza Magokoro sikioni, "Ni mimi niliyemwangalia."

Magokoro alinivuta nje, akanishika kidevu.

"Ulikuwa unajua unamwangalia?"

"Nilijua."

"Basi si jicho. Mwenye jicho hajijui, maskini. Wako ni wivu, na wivu unamla mwenyewe. Ingia, nawa mikono, umpake siagi."

Nikampaka. Nilimkanda Nyaboke mgongo mzima, na mahali fulani karibu na bega kapi moja la wimbi lilininasa chini ya kidole gumba. Sijui lilitoka wapi. Leo ningesema mkekani, au kwenye blanketi ile mpya, na upele ule ningesema ni wa viwavi. Siku hiyo nililitupa motoni haraka haraka kabla Magokoro hajaliona. Kufikia Jumatano Nyaboke alikuwa anacheza, na msimu mwingine ulipoanza alirudi juu ya stuli. Nami nikaleta chai, ya moto.

Sitadanganya kwamba wivu uliisha. Ulipata tu kitu cha kutafuna. Nilikuwa namtazama Nyaboke pale juu, ameinua waya isiyo na kazi, uso umekaza, nikajiambia: wewe una waya, mimi nina siri ya Tata. Siri hiyo niliilea miaka yote, shule ya msingi, sekondari, mpaka nikaajiriwa. Sikumwambia hata mama.

Mwaka jana Nyaboke alijifungua. Anafanya biashara ya ndizi Kisii mjini na amejenga huko. Nilienda kumwona Jumapili moja, nikamkuta Tata ameshafika, amekaa kwenye kochi na kiredio chake, timu inacheza. Mama mkwe wa Nyaboke alikuwa amempakata mtoto. Mimi sijajaliwa mtoto, na watu wanajua. Nilipoingia mlangoni yule mama alinisalimia vizuri tu, kisha akavuta shali taratibu, akamfunika mtoto uso. Nikamkumbuka mama wa ng'ambo ya mto. Nikaenda kukaa mbali, nikajifanya nasikiliza mechi.

Tata aliposinzia, Nyaboke akaja kukaa karibu nami. Akacheka kidogo. "Unakumbuka ile waya?"

"Nakumbuka."

"Mwenzangu, ilikuwa haifanyi kitu. Jumapili ya pili tu mkono uliniwasha, nikaiachilia, redio ikaendelea. Nikaishika tena haraka."

Nilimkodolea macho. Siri yangu! Kitu kimoja nilichodhani Tata alinipa mimi peke yangu, kumbe yeye alikuwa nacho kabla yangu. Wivu ulinipanda upya, mbichi kabisa, mtu mzima mimi na mkoba wangu wa ofisi.

"Na hukusema? Miaka yote ile umeinua mkono bure?"

Nyaboke alimtazama Tata aliyelala mdomo wazi.

"Ningesema, ningekaa wapi?"

Aliinuka, akamchukua mtoto kwa mama mkwe wake, akaja naye, akaiondoa ile shali yote. Mtoto alikuwa mweupe kama yeye alivyokuwa. Niligeuza uso upande wa redio, mazoea tu. Nyaboke akamweka mapajani pangu, mbele ya mkwe wake, mbele ya kila mtu.

"Kemunto," akasema, "mwangalie."