Kinyozi na Mbao za Mdogo Wake

Saluni ya Kinyozi ina picha moja tu ukutani, na mwenyewe haipendi. Ni ya mdogo wake, amevaa koti, ameshika kikombe cha ushindi. Aliyeitundika ni mke wa Kinyozi, juu kidogo ya kioo, mahali ambapo mteja akishakaa kitini hawezi kukwepa kuiona.

"Huyu si yule grandmasta wa sataranji?" mteja huuliza.

"Ndiye. Tulia nisikukate."

Ukimpa nafasi ataongeza kwamba yeye ndiye aliyemfundisha, kwa kete za vizibo vya soda, na kwamba mdogo alimaliza shule ya msingi akiwa hajamfunga kaka yake hata mara moja. Ni kweli. Nilisoma nao. Kisha baba yao akaugua, kaka akaacha masomo na kushika mashine ya kunyolea, mdogo akaendelea na mashindano. Mkewe husema hakuna wa kulaumiwa. Kinyozi huwasha mashine.

Mtu haamki tu akawa grandmasta. Sharti afikie kiwango kilichowekwa katika mashindano makubwa, si mara moja bali mara tatu, na alama zake zipande juu sana. Mimi ni mwandishi wa chama chetu cha sataranji, kwa hiyo kila habari ilipofika niliipeleka saluni. Mara ya kwanza ilikuwa katika nchi ya baridi. Kinyozi akasema wenyeji walikuwa na mafua. Mara ya pili akasema mdogo wake amepangiwa vibonde. Mara ya tatu mdogo alimfunga mtu aliyewahi kuwania ubingwa wa dunia. Kinyozi alinisikiliza mpaka mwisho, akapuliza nywele kwenye mashine, akaniuliza kama nimekuja kunyoa au kusoma taarifa ya habari.

"Kijicho hicho, baba watoto," mkewe akasema kutoka mlangoni.

"Kijicho gani? Nauliza tu."

Mwaka jana Bingwa, ndivyo tunavyomwita mdogo wake siku hizi, alirudi nyumbani kusalimia. Chama kikamwomba acheze na watu ishirini kwa pamoja katika ukumbi wa shule. Tulipanga meza kwa mraba, wachezaji wakikaa nje, yeye akitembea ndani, ubao hadi ubao. Utaratibu wa mchezo wa namna hiyo ni kwamba husogezi kete mpaka bingwa asimame mbele yako. Akifika, unacheza papo hapo, naye anajibu na kupita. Muda wako wa kufikiri ni ule anaozungukia wenzako.

Kinyozi akaja kuniomba nafasi, yeye aliyekuwa akisema hana muda wa kusogeza vijiti. Akafunga saluni siku ya Jumamosi, wateja wakakuta kufuli.

"Nataka nimfunge mara moja tu," aliniambia. "Mbele za watu. Baada ya hapo picha waitoe, waiache, shauri yao."

Na alicheza. Kulia kwake alikaa mwalimu wa hesabu, kushoto dereva wa lori, nao walianza kupukutika mapema. Kinyozi alikuwa imara. Ngome yake ilishika njia, askari mmoja wa Bingwa ameshaliwa, na Bingwa akaanza kusimama mbele ya ubao ule kwa muda mrefu kuliko mwingine wowote. Watazamaji wakaliona hilo, wakasogea nyuma ya kiti cha Kinyozi.

Hapo ndipo alipojiharibia. Alitaka ukumbi mzima uwe wake.

"Mwalimu, mbona unamsumbua marehemu?" alisema.

"Bado nina farasi."

"Farasi atambeba nani? Mfalme wako huyo hafiki kesho. Mpe mkono yaishe."

Mwalimu ni mtu wa haya. Bingwa alipofika akampa mkono. Kisha ikawa zamu ya dereva.

"Kaka, lori limeshapinduka, wewe bado umeshika usukani?"

Watu wakacheka, dereva naye akacheka, akakubali kushindwa. Kinyozi akawageukia wa mbali. Kila mmoja aliyeinuka alikuja kusimama nyuma yake, naye akazidi kuchanua. Kwa wivu alionao hakuona jambo ambalo kila mchezaji pale alilijua: mbao zikipungua, mzunguko unafupika. Mwanzoni alipata muda wa kutafakari mpaka achoke. Sasa Bingwa alikuwa akigeuka tu, yuko mbele yake tena.

Mwishowe ukabaki ubao wake peke yake. Bingwa akasimama. Kinyozi akatazama kete, jasho likimtiririka shingoni.

"Kaka, nizunguke kwanza?" Bingwa akauliza kwa sauti ya chini. Bila kungoja jibu akaanza kutembea taratibu mbele ya meza tupu, akisimama kidogo kwenye kila moja, kana kwamba bado kuna watu.

"Rudi hapa. Nani kakwambia nataka msaada?"

"Si msaada, kaka. Ni muda wako."

"Nimesema rudi."

Akarudi. Kinyozi akamshika malkia, akamla askari wa pembeni. Farasi wa Bingwa akaruka, akawatishia mfalme na malkia kwa mpigo mmoja. Mfalme hana budi kukimbia, na malkia akaliwa. Kinyozi akatoa mkono huku akiangalia mlango.

Kesho yake asubuhi Bingwa alikuja kunyolewa kabla ya safari. Nilikuwa nimekaa kwenye benchi.

"Ungeingiza ngome nyuma ya askari wangu, nilikuwa nimekwisha," alisema.

"Najua. Nimeiona nikiwa naoga."

"Wale majirani zako ndio waliokuwa wakikupa muda. Kila ulipomfukuza mmoja, mimi nilishukuru moyoni."

Kinyozi akazima mashine. Mteja aliyekuwa akisubiri zamu akadakia, "Kwa hiyo nani alishinda?"

"Wewe subiri zamu yako." Kisha akamwuliza mdogo wake, "Utarudi lini?"

"Mwakani, Mungu akipenda."

"Basi waambie waongeze mbao. Na wewe mwandishi, kulia kwangu niwekee mtu mbishi. Kushoto vilevile. Watu wasiojua kukubali."

Bingwa akaangua kicheko. Kaka yake akamshika kichwa kwa viganja viwili, akakinyoosha, akawasha mashine.

"Usicheke," alisema. "Naharibu kisogo."