Bi Sanelma na Mashati Meusi Manne

Wanawake hodari nimewaona wengi, maana mimi nimetembea, lakini Bi Sanelma wa hapa kwetu Pohjanmaa, Ufini, hana mfano. Alikuwa mkunga, na kijiji kizima tulizaliwa mikononi mwake, ndani ya sauna yake, kile chumba cha kuogea kwa mvuke.

Jumamosi moja ya mwaka 1933 tulikwenda wanne kumkamata mpangaji wake, fundi viatu Verneri. Chama chetu cha uzalendo kilikuwa kimeiga mashati meusi ya mafashisti wa Italia, nasi tulitaka kumtupa Verneri ng'ambo ya mpaka wa Urusi kwa kuwa aliwapigia kura wajamaa.

Bi Sanelma akatupokea mlangoni. "Jalmari, sauna imeshapata moto," akamwambia kiongozi wetu. "Mtasafiri na jasho hilo? Ogeni kwanza."

"Tuna kazi, mama."

"Nilikukata kitovu humo ndani. Leo umekuwa mkubwa kuliko sauna?"

Kwetu hakuna anayekataa sauna ya Jumamosi, wala anayegombana ndani yake. Tukavua, tukaingia. Mimi nilikaa benchi la juu kabisa, penye joto kali zaidi; wenzangu likawashinda, wakakaa chini.

Tulipotoka, nguo zetu zote zilikuwa zinachemka kwenye sufuria la sabuni.

"Zilikuwa zinanuka," akasema Bi Sanelma, akitugawia magauni yake. "Verneri ameshateleza zake thelujini kwa skii. Mfuateni basi."

Tulirudi makwetu na magauni yale, thelujini, kijiji kizima kikitutazama. Shati langu sikurudi kulichukua. Bi Sanelma alilifanya tambara la kupigia deki, na sakafu yake iling'aa kweli.